Deni la Goli Ambalo Halikufungwa

Mtu akitaka kupima kazi ya mshambuliaji, atahesabu magoli. Akitaka kupima kazi ya beki, atahesabu nini? Kazi ya beki ikienda vizuri, matokeo yake ni kwamba kuna jambo halikutokea. Krosi haikufika, shuti halikupigwa, kipa hakupata shida. Ubao wa matokeo hauna nafasi ya kuandika mambo ya namna hiyo. Swali ninalotaka kulijadili katika insha hii linatokana na hali hiyo. Je, mtu aliyezuia baya lisitokee anastahili shukrani sawa na mtu aliyetenda jema likaonekana na wote? Na kama anastahili, sisi tulionufaika tutalilipaje deni ambalo hatukuliona likiingia?

Swali hili si la uwanjani tu. Muuguzi anayechanja watoto, fundi anayekagua breki za basi kabla halijaondoka kituoni, jirani anayewapatanisha wagomvi kabla hawajashikana mashati, wote hao wanafanya kazi ya beki. Hata hivyo nitajibu kwa kutumia maisha ya mabeki, na hasa mabeki wa India, kwa sababu mifano yao inalionyesha tatizo waziwazi.

Huenda msomaji akajiuliza kwa nini India, nchi inayojulikana zaidi kwa kriketi. Sisi Wanyarwanda tuna sababu yetu ndogo. Januari 2015 Stephen Constantine, aliyekuwa kocha wa Amavubi, timu yetu ya taifa, alituacha akaenda kuifundisha India. Wengi wetu tuliokuwa watoto wakati ule tuliendelea kumfuatilia, kwanza kwa kinyongo, kisha kwa udadisi. Kwa njia hiyo nikaanza kusoma habari za soka la India, na nikagundua kwamba nchi ile ina historia ndefu ya mabeki.

Nianze na Jarnail Singh. Alizaliwa mwaka 1936 Punjab, upande wa Lyallpur, mji ambao leo uko Pakistan na unaitwa Faisalabad. India ilipogawanywa mwaka 1947, Masikh na Wahindu wa upande ule walikimbilia mashariki, na Waislamu wa upande wa pili wakakimbilia magharibi. Mamilioni ya watu walihama, na waliouawa njiani walikuwa wengi mno. Jarnail alivuka akiwa mtoto. Msomaji wa nchi yangu hahitaji kuelezwa maana ya mtoto kufika ng'ambo akiwa hai. Alipokua akawa beki wa kati wa Mohun Bagan, klabu kongwe ya Calcutta, jiji ambalo siku hizi huitwa Kolkata. Alicheza Olimpiki ya Roma mwaka 1960, na washambuliaji wa Asia walimjua kuwa mtu asiyepitika kirahisi.

Mwaka 1962 India ilikwenda Jakarta kwenye Michezo ya Asia. Katika mechi na Thailand, Jarnail aliumia kichwani akashonwa nyuzi. Beki wa kati hupiga mipira mingi ya kichwa, tena katikati ya viwiko na vichwa vya wengine, kwa hiyo lilikuwa jambo la hatari kumrudisha katika nafasi yake. Kocha Syed Abdul Rahim akafanya uamuzi ambao watu wa soka la India wanausimulia hadi leo: akampeleka mbele, awe mshambuliaji. Katika nusu fainali na Vietnam Kusini, Jarnail alifunga. Fainali ilichezwa tarehe 4 Septemba dhidi ya Korea Kusini, timu iliyokuwa imewafunga India 2–0 katika hatua ya makundi. Uwanja ulijaa watu waliowazomea Wahindi, kwa sababu ya mzozo wa kidiplomasia kuhusu Israeli na Taiwan kunyimwa nafasi katika michezo hiyo. India ilishinda 2–1. Goli la kwanza lilifungwa na P. K. Banerjee, na la pili na Jarnail Singh. Tangu siku hiyo India haijapata tena dhahabu ya soka katika Michezo ya Asia.

Tuitazame habari hii kwa makini. Beki mkubwa wa nchi ile anakumbukwa zaidi kwa siku ambayo hakucheza kama beki. Na siku hiyo kazi yake ya kawaida haikusimama. Ilifanywa na wengine: Arun Ghosh, Trilok Singh, Chandrasekhar, na kipa Peter Thangaraj nyuma yao. Korea ilipata goli moja tu, tena mwishoni. Yeyote anayetaka anaweza kusoma Jarnail alifunga dakika ya ngapi. Lakini ni nani anayeweza kusoma Arun Ghosh alizuia goli la pili la Korea dakika ya ngapi? Bila kazi ile goli la Jarnail lisingekuwa la ushindi, lakini kazi ile haina dakika, haina picha, haina jina.

Mfano wa pili unafanana na wa kwanza, ila umegeuzwa. Sailen Manna aliichezea Mohun Bagan kuanzia mwaka 1942 hadi 1960 bila kuhama, na alikuwa nahodha wa India iliyotwaa dhahabu ya Michezo ya Asia mwaka 1951 mjini New Delhi. Naye alikuwa beki. Lakini habari yake inayorudiwa mara nyingi ni ya tarehe 31 Julai 1948, kwenye Olimpiki ya London. India ilikuwa haijatimiza mwaka mmoja tangu kupata uhuru, na wengi wa wachezaji wake walicheza bila viatu. Ufaransa iliwafunga 2–1, goli la ushindi likiingia mwishoni kabisa. India ilipoteza penalti mbili katika mechi hiyo, na mojawapo ilipigwa na Manna.

Basi tuna mabeki wawili wakubwa. Mmoja tunamkumbuka kwa shuti lililoingia, mwingine kwa shuti lisiloingia. Miaka yote waliyosimama mbele ya goli lao wenyewe, wakiondoa mpira baada ya mpira, imebaki kuwa sentensi moja: "alikuwa beki hodari." Ninaona kwamba hili si kosa la waandishi wa michezo peke yao. Kumbukumbu ya binadamu inashika kilichotokea. Kisichotokea hakina mahali pa kushikwa.

Kuna jambo jingine linaloongeza ugumu. Hata ndani ya kazi ya kuzuia, kinachoonekana ndicho kinachosifiwa. Mfikirie beki aliyekaa vibaya, akapitwa, kisha akakimbia nyuma na kuuteleza mpira kwenye miguu ya mshambuliaji dakika ya mwisho. Uwanja mzima utasimama kumshangilia. Mfikirie mwingine aliyesoma mchezo mapema, akasogea hatua tatu kulia, mshambuliaji akaona njia imefungwa akarudisha mpira kwa kiungo wake. Hakuna atakayepiga kofi. Huyu wa pili ndiye beki bora, lakini ubora wake umeifuta hatari mapema kiasi kwamba hakuna aliyejua kuwa kulikuwa na hatari. Kadiri anavyofanya kazi vizuri ndivyo kazi yake inavyozidi kutoonekana.

Wahenga walilijua jambo hili waliposema usipoziba ufa utajenga ukuta. Tunaufundisha msemo huo shuleni, tunauandika kwenye mitihani, lakini matendo yetu yanakwenda kinyume nao. Aliyeziba ufa hatumjui hata jina. Aliyejenga ukuta baada ya nyumba kuanguka tunampigia makofi, tunampa cheti na tunapiga naye picha. Tukiendelea hivyo, tunawafundisha watu kwamba ni afadhali kuacha ufa ukue, ili siku ya ukuta waonekane mashujaa. Hapa ndipo suala la beki linapokuwa suala la maadili. Jamii inayowatuza wazima moto peke yao itakuwa na moto mwingi.

Sasa nizisikilize hoja za wanaopinga. Wa kwanza watasema: shukrani zinahitaji ushahidi. Goli lililofungwa tumeliona, lakini lile "lililozuiwa" ni la kufikirika tu. Pengine shuti lingetoka nje lenyewe. Pengine mshambuliaji angejikwaa. Tukianza kuwashukuru watu kwa mambo ambayo hayakutokea, kila mvivu atakuja kudai chake. Mlinzi aliyelala usiku kucha atasema, "Mmeona? Hakuna mwizi aliyekuja."

Hoja hii ina nguvu, na siwezi kuipita juu juu. Tena ina upande wa hatari zaidi ya mlinzi aliyelala. Duniani kuna viongozi wengi wanaosema, "Bila mimi pangekuwa na vita," na kwa maneno hayo wanataka washukuriwe milele na wasiulizwe swali lolote. Hatuwezi kuirudisha historia nyuma tukajaribu kuishi bila wao ili tuone. Kwa hiyo dai la kuzuia baya ni dai linaloweza kutumiwa vibaya kuliko dai lolote jingine.

Lakini hoja hii haithibitishi kwamba kuzuia hakuna thamani. Inathibitisha tu kwamba tunahitaji vipimo, na beki anatupatia vitatu. Kwanza, ingawa matokeo ya kazi yake hayaonekani, kazi yenyewe inaonekana: alisimama wapi, alikimbia kiasi gani, alimwita nani, aliziba njia ipi. Mlinzi aliyelala hana la kuonyesha. Pili, beki anakubali kukaguliwa. Akikosea, anatolewa mapumziko, na mwingine anaingia mahali pake. Anayedai kuzuia vita huku akikataa kukaguliwa hawezi kujifananisha na beki. Tatu, wapo watu wanaoijua kazi hiyo, na macho yao hayadanganywi kirahisi. Mshambuliaji mwenyewe anajua ni beki gani alimnyima usingizi. Kwa hiyo ushahidi upo. Ila hauko kwenye ubao wa matokeo, na anayeutaka lazima autafute.

Wa pili watasema: mambo yanahesabiwa mwisho wake. Beki akizuia mara ishirini na ya ishirini na moja ikaingia, zile ishirini zina faida gani? Hapa mfano mzuri ni mechi ya India na Bahrain kwenye Kombe la Asia, tarehe 14 Januari 2019 huko Sharjah, chini ya Constantine yuleyule tuliyemjua Kigali. India ilikuwa imeifunga Thailand 4–1 na kufungwa 2–0 na Umoja wa Falme za Kiarabu. Sare na Bahrain ingetosha kuipeleka kwenye hatua ya mtoano. Beki wa kati Anas Edathodika aliumia dakika za mwanzo kabisa akatolewa. Mwenzake Sandesh Jhingan akabaki akiongoza ngome na mtu aliyetoka benchi. Walistahimili presha kipindi cha kwanza, wakastahimili cha pili. Dakika ya 91 Bahrain ikapata penalti, ikafunga, India ikaondoka mashindanoni. Constantine alijiuzulu baada ya mechi hiyo. Anas naye alitangaza kustaafu timu ya taifa, ingawa baadaye kocha mpya alimwita tena.

Je, zile dakika 90 zilipotea? Ninajibu hapana, na sababu yangu ni hii. Ubora wa tendo hauwezi kutegemea jambo ambalo halijatokea bado wakati tendo linafanyika. Mpira ulioondolewa dakika ya 40 uliondolewa kwa usahihi dakika ya 40, na kilichotokea dakika ya 91 hakiwezi kurudi nyuma kuugeuza kuwa kosa. Ndiyo, furaha inategemea matokeo. Hakuna aliyecheka Sharjah upande wa India. Lakini furaha na shukrani si kitu kimoja. Furaha ni kwa kilichopatikana, shukrani ni kwa kilichofanywa. Tukizichanganya, tutamshukuru mwenye bahati na kumsahau mwenye bidii.

Na kuna gharama ambayo ubao wa matokeo hauionyeshi kabisa. Anas anatoka Kondotty, wilaya ya Malappuram katika jimbo la Kerala, sehemu inayopenda soka kupita kiasi. Ujanani aliwahi kuendesha bajaji ili apate fedha. (Sisi wasemaji wa Kiswahili chombo hicho tumekiita kwa jina la kampuni ya India inayokiunda.) Alipita katika klabu kadhaa, na alipoichezea timu ya taifa kwa mara ya kwanza, Machi 2017, alikuwa na miaka 30, umri ambao wachezaji wengi wanaanza kufikiria kupumzika. Halafu mashindano makubwa kuliko yote aliyocheza yakaishia kwake ndani ya dakika chache, kwa maumivu. Mtu anayepima maisha hayo kwa magoli atasema hakuna kitu hapo. Mtu anayepima kwa kile kilichotolewa ataona kitu kikubwa sana.

Wa tatu watakuja kwa upole zaidi. Watasema: mtu mwema kweli hatafuti sifa. Dini zetu zinafundisha kwamba sadaka nzuri ni ile ambayo mkono wa kushoto haujui umetolewa na wa kulia. Kama beki ni mwema, aridhike na kazi yake. Tukianza kumtukuza, tutamharibu.

Ninakubaliana na nusu ya hoja hii. Ni kweli kwamba mtendaji hapaswi kuzuia baya kwa ajili ya makofi. Beki anayecheza kwa ajili ya makofi atateleza kwenye nyasi bila sababu ili aonekane. Lakini hoja hii inamhusu yeye, haituhusu sisi. Kwamba yeye hadai haina maana kwamba sisi hatudaiwi. Nikikukopesha fedha kisha nikaona haya kukukumbusha, haya yangu haijalifuta deni lako. Mara nyingi jamii inawasifu watu wanyenyekevu kwa sababu unyenyekevu wao unaipunguzia gharama. Manna aliichezea klabu moja karibu miongo miwili katika zama ambazo soka la India halikuwa na malipo ya maana, na watu wakamwita mwaminifu. Alikuwa mwaminifu kweli. Lakini kumwita mtu mwaminifu ni rahisi kuliko kumlipa.

Hapa naomba nimtaje mtu wa nyumbani kwetu, kwa sababu ndiye aliyenifanya nilifikirie swali hili kwa uzito. Shangazi yangu alikuwa mhudumu wa afya ya jamii katika kijiji chetu. Nchini Rwanda wahudumu hao huchaguliwa na wanakijiji wenyewe na hujitolea. Wanawapima watoto malaria, wanawapa dawa walio na ugonjwa usio mkali, wanawapeleka kituo cha afya walio hoi. Shangazi alikuwa na daftari, tochi na kisanduku cha vipimo. Alikagua vyandarua nyumba kwa nyumba, akiona kimetoboka anakaa chini na kukishona. Alifukia madimbwi. Usiku wa mvua akiitwa, alikwenda. Siku moja katika kikao cha baada ya umuganda, ile kazi ya pamoja tunayoifanya kila mwisho wa mwezi, aliomba kijiji kichange fedha kidogo apate mabuti ya mvua. Mtu mmoja akasimama akauliza: "Siku hizi watoto wetu hawaugui. Mabuti ya nini?" Watu wakacheka, agenda ikapita.

Shangazi hakugombana na mtu. Aliendelea hadi mwisho wa mwaka, kisha akaomba apumzike, wakachagua mwingine. Tangu aondoke hakuna mtoto aliyekufa kwa malaria kijijini, na ninamshukuru Mungu kwa hilo. Lakini jambo hilohilo limekuwa hoja mdomoni mwa watu: "Mmeona? Hata bila yeye mambo yanakwenda." Hawaoni kwamba aliyechukua nafasi yake anatumia daftari lile alilolijaza yeye, na watoto wanalala chini ya vyandarua vile alivyovishona yeye. Yule mtu wa kikao hakuwa mtu mbaya. Alisema alichokiona, na alichokiona ni watoto wazima. Kosa lake ni kudhani kwamba uzima huo umejileta.

Kwa hiyo tunarudi kwenye swali la pili nililouliza mwanzoni: deni la namna hii linalipwaje? Hapa ninataka kumtaja beki wa tatu wa Mohun Bagan, mkongwe kuliko hao wengine, kwa sababu habari yake inaonyesha kwamba deni hili linaweza kulipwa. Gostha Pal alizaliwa mwaka 1896 huko Faridpur, ambako leo ni Bangladesh. Alianza kuichezea klabu hiyo akiwa kijana mdogo, miaka michache tu baada ya Mohun Bagan kuwashangaza Waingereza mwaka 1911 kwa kutwaa Ngao ya IFA, wachezaji wake karibu wote wakiwa miguu mitupu mbele ya kikosi cha askari wenye viatu. Pal naye alicheza peku. Kwa zaidi ya miaka ishirini alisimama nyuma, na watu wa Calcutta wakampa jina la Ukuta wa China. Mwaka 1962 serikali ilimpa nishani ya Padma Shri. Baada ya kifo chake jiji lilimwekea sanamu, likaipa barabara jina lake, na mwaka 1998 sura yake ikatolewa kwenye stempu.

Ni jambo la kufikirisha kwamba mtu ambaye kazi yake ilikuwa kuzuia alijengewa sanamu. Hata leo tuzo kubwa za soka duniani huwaendea washambuliaji na viungo. Beki wa mwisho kupata Ballon d'Or ni Fabio Cannavaro, mwaka 2006. Basi watu wa Calcutta walimwonaje Pal? Ninavyoelewa, walimwona kwa sababu walijua kilichokuwa upande wa pili. Kila mchezaji wa kikosi cha kikoloni aliyekuja mbio na viatu vyake alikuwa mtu wanayemjua mitaani, mwenye amri juu yao. Walijua ingekuwaje kama angepita. Hatari haikuwa ya kufikirika kwao, kwa hiyo aliyeizuia hakuwa wa kufikirika pia. Ndiyo maana waliweza kukiona kisichotokea.

Somo ninalolipata hapo ni kwamba shukrani kwa mzuiaji ni aina ya maarifa. Mtu hawezi kushukuru kwa kukingwa na kitu asichokijua. Kizazi kilichozika watoto kwa surua kinamshukuru mchanjaji, na kizazi kilichozaliwa baada ya chanjo kinauliza chanjo ni ya nini. Kwa hiyo wajibu wetu wa kwanza ni kujifunza na kukumbuka. Lazima tujue kilichokuwa kikija, njia kilizopita, na waliosimama kwenye njia hizo. Tena lazima tuwasimulie wadogo zetu, si kwa kuwatisha, bali ili waelewe kwamba amani na afya wanayoikuta ina watu nyuma yake.

Wajibu wa pili ni wa vitendo. Mshambuliaji tunaweza kumlipa baada ya goli, kwa sababu goli litatukumbusha. Mzuiaji tukisubiri tukumbushwe, kitakachotukumbusha ni msiba. Kwa hiyo yeye lazima alipwe kabla: vifaa, mafunzo, muda wa kupumzika, na mabuti ya mvua. Na tumkague pia, kwa vipimo vile vitatu nilivyovitaja, ili mlinzi aliyelala asijifiche nyuma ya mlinzi aliyekesha. Mwaka 2021 shirikisho la soka la India lilimtangaza Sandesh Jhingan, beki wa kati, kuwa mchezaji bora wa mwaka. Hawakumhesabia magoli. Walikaa wakatazama kazi yake. Kama shirikisho la soka linaweza, kikao cha kijiji nacho kinaweza.

Kwa hiyo jibu langu ni ndiyo. Aliyezuia baya anastahili sawa na aliyetenda jema, kwa sababu thamani ya tendo iko katika kile lilichookoa na kile lilichomgharimu mtendaji, wala haiko katika idadi ya macho yaliyolishuhudia. Tofauti iko katika ugumu wa kulipa tu. Deni la goli lililofungwa linalipwa kwa makofi ya papo hapo. Deni la goli ambalo halikufungwa linataka kazi: kufikiri, kuuliza, kukumbuka, kisha kutoa. Siku ambayo hakuna kilichotokea kijijini kwenu, kazini kwenu au darasani kwenu, uliza ni nani alikuwa amesimama wapi. Ukimpata, usisubiri ufa uwe ukuta.